Namna ya kuusoma mji wa Lamu kwa miguu

Usianzie pwani. Boti ya kutoka Mokowe, gati la bara, itakushusha gatini, sawa, na macho yako yatavutwa na safu ya majengo yenye matao na veranda yanayokitazama kisiwa cha Manda ng'ambo ya maji. Yapite. Hapo unapokanyaga palikuwa bahari. Ni katika karne ya 19 ndipo ufuo ulipojazwa kifusi na taka, ukajengewa, na mji ukapata uso huu unaopigwa picha. Panda kwanza magharibi, kwenye mwinuko, mpaka kuta zikukatie upepo, kisha geuka kulia uingie Mkomani, mtaa wa kale wa nyumba za mawe.

Mimi nimefundisha historia shule ya sekondari mpaka nikastaafu. Nyumba niliyozaliwa iko Mkomani, na ni ya mama yangu. Alipewa na baba yake alipoolewa. Hilo la nyumba kuwa ya mama nitalirudia, maana asiyelijua hawezi kuzielewa njia za mji huu. Kila likizo hunijia wapwa na wajukuu kutoka Mombasa, Muscat na Toronto, na wote huuzunguka mji kwa namna moja: pwani, ngomeni, mkahawani, basi. Ukiwauliza wameona nini, husema "majumba ya zamani." Kwa hiyo nimeiandika njia ninayowapitisha mimi.

Toka mapema, watu wakirudi msikitini alfajiri, au ngoja baada ya alasiri. Adhuhuri mji umejifungia na jua limekaa wima. Hakuna kivuli cha kukuonyesha nakshi yoyote. Vaa nguo ya kukusitiri mabega na magoti, mwanamume kwa mwanamke. Salimu kila unayempita barazani, "sabalkheri" asubuhi na "masalkheri" jioni, na mzee mpe shikamoo yake. Usipige picha ya mlango uliofunguka kabla hujapiga hodi na kuruhusiwa. Na ukisikia kwato nyuma yako, jibanze ukutani. Njia zetu zina upana wa kumpitisha punda na mzigo wake, na punda aliyebebeshwa mchanga hajui kupisha.

Anza na ukuta

Kabla hujasoma mlango soma ukuta, kwa sababu ukuta ni mgumu kuudanganya. Tafuta mahali plasta imebanduka. Ukiona mawe yasiyo na umbo, yenye matundu na alama za viumbe vya baharini, yamekaa ndani ya chokaa, hapo pana ukuta wa zamani, na unene wake hukaribia nusu mita. Mawe hayo yalichimbwa nchi kavu, na mpaka leo yanachimbwa Maweni, kisiwani Manda, yakavushwa kwa mashua.

Lipo jiwe la pili. Hilo hukatwa baharini likiwa hai, laini kiasi cha kuchongwa kwa kisu, na likishakaa hewani hukaza. Mafundi walilitunza kwa kazi za kuonekana: kingo za milango, zidaka (vishubaka vya ukutani), mihrabu. Pitisha macho pembeni mwa mlango wa mbele utaliona, chembe zake ni ndogo na za sawasawa kuliko za ukuta unaolizunguka.

Chokaa nayo ilitoka kwenye matumbawe. Magogo hupangwa duara, mawe yakarundikwa juu, tanuu likawashwa likawaka usiku kucha. Yakishapoa huachwa yanyeshewe au yamwagiwe maji mpaka yavunjike unga. Weka kiganja kwenye plasta ya chokaa: ni ya ubaridi na ina mawimbi kidogo, kwa kuwa ilisawazishwa kwa mkono. Sasa weka kiganja kwenye nyumba ya jirani iliyopakwa saruji. Imenyooka, ngumu, na chini, karibu na mfereji, imevimba na kuchanua unga mweupe. Hiyo ni chumvi. Ukuta wa matumbawe hupumua. Unyevu ukipanda kutoka ardhini hutokea nje kupitia chokaa. Ukiuziba kwa saruji, unyevu hukaa ndani na kuila nyumba taratibu, mwenyewe akidhani ameikarabati. Mji huu uliandikwa kwenye orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 2001, na tangu hapo wataalamu wamekuja kusema hayohayo waliyokuwa wakiyasema mafundi wetu. Tofauti ni kwamba mfuko wa saruji unauzwa dukani leo, na chokaa iliyolala vizuri inataka subira.

Ukishaizoea tofauti hiyo, utaanza kuona tabaka. Ghorofa ya chini ya matumbawe, ya juu ya matofali ya saruji: familia imekua, au mwana yuko Uarabuni anatuma pesa. Bati juu ya kuta nene: paa la zamani lilianguka, na la pili halikulipika. Makuti mazuri mapya juu kabisa, na maua ya bogenvilea yakining'inia: mara nyingi hiyo ni nyumba ya wageni. Usizichukie. Baadhi ya wenye nyumba hizo walizinunua zikiwa magofu, na mafundi wa chokaa walipata kazi kwao wakati wenyeji tulikuwa hatuna cha kuwalipa. Ila ukitembea usiku katika baadhi ya vijia utaona madirisha mengi hayana taa, na hilo nalo ni la kusoma.

Daka, mlango, na tarehe

Kila nyumba ya kiungwana ina daka, yaani kibaraza kilichoingia ndani kidogo mbele ya mlango, na viti vya mawe pande mbili. Hapo ndipo mgeni wa kiume alipoishia. Biashara, habari za jahazi, posa, vyote vilisemwa pale, bila mtu kuvuka kizingiti. Ukiruhusiwa kuvuka utaingia tekani, ukumbi mdogo wa nyuma ya mlango, na utagundua kwamba huoni kitu: njia inapinda. Mpita njia hata mlango ukiwa wazi haoni kiwanja cha ndani. Nje ukuta mtupu, dirisha moja au hakuna. Utajiri wote umeelekea ndani. Ndiyo sababu mtu anayeupima mji wetu kwa sura ya nje hurudi akisema vijia vyote vinafanana.

Milango ya nakshi isikuteke. Huhama. Mlango wa nyumba iliyobomoka huuzwa, ukaenda kutiwa kwenye nyumba nyingine, au hoteli, au Nairobi, na ile yenye maua mengi na misumari ya shaba yenye mtindo wa Kihindi ilikuja na utajiri wa karne ya 19 hata kama nyumba nyuma yake ni ya kale zaidi. Mlango peke yake hauwezi kukupa umri wa nyumba.

Ila ukikuta mwaka umechongwa juu ya mlango, usiupite. Utakuwa wa Hijria, kwa tarakimu za Kiarabu. Kumbuka nukta ni sifuri na duara dogo ni tano. Zidisha mwaka huo kwa 0.97 kisha jumlisha 622. Mwaka 1310 utakupa 1892 na kitu; na kweli, 1310 ulianza Julai 1892. Hesabu hii inatosha kwa mtu anayetembea na kalamu, na inakuokoa na ubishi wa barazani ambako kila mlango una miaka mia tano.

Tazama juu

Ukienda hatua chache zaidi utapita chini ya chumba. Njia inaingia gizani, juu yako kuna boriti nyeusi, kisha unatokea mwangani tena. Hilo ni wikio, chumba kilichorushwa juu ya njia kuunganisha nyumba mbili.

Hapa ndipo la mama yangu linapoingia. Katika familia zilizojiweza, binti alipoolewa hakuondoka. Mume ndiye aliyehamia. Baba alimjengea binti nyumba ubavuni, au alipandisha ghorofa, au alivuka njia na kujenga upande wa pili, akaziunganisha nyumba kwa wikio ili mama na binti, dada na dada, watembeleane bila kushuka njiani kwa watu. Mfuate kijana wa mtaa akuonyeshe mawikio ya Mkomani, kisha uliza ni ukoo gani ulikaa pande zote mbili. Utajikuta unachora nasaba ya wanawake. Vitabu vingi vya historia nilivyopewa kufundishia vilitaja mabwana, masultani na manahodha. Nyumba zinataja mama zao. Mpaka sasa ukiuliza Lamu "hii nyumba ya nani?" usishangae kujibiwa jina la bibi.

Ingia ndani

Kama huna jamaa wa kukukaribisha, nenda kwenye Makumbusho ya Nyumba ya Kiswahili, Mkomani. Ni nyumba ya karne ya 18 iliyokarabatiwa, tiketi inakatwa mlangoni. Usiingie mbio. Simama kiwandani, uwanja ulio wazi kwa mbingu, uzoeshe macho, maana kuanzia hapo kila hatua ni ya kuingia faraghani zaidi: msana wa tini, msana wa yuu, kisha ndani, kisha nyumba ya kati. Misana ni vyumba virefu vyembamba vilivyo wazi upande wa uwanja, na kila kimoja kimeinuliwa kidogo kuliko kilichotangulia. Mwanga unapungua kadiri unavyoingia.

Sasa pima upana wa chumba kwa hatua. Nenda chumba kingine, pima tena. Utapata karibu kilekile, chini ya mita tatu. Urefu unaweza kuwa wowote, lakini upana umeamuliwa na mkoko. Boriti ya mkoko hubeba kwa kiasi chake na basi. Ukiilaza mbali zaidi hupinda chini ya uzito wa sakafu, kwa kuwa juu yake pana mawe na chokaa ya kushindiliwa. Kwa hiyo chumba cha tajiri na cha jirani yake wa kawaida vina upana mmoja. Tajiri alionyesha uwezo kwa kuongeza vyumba, ghorofa na nakshi. Inua kichwa uhesabu boriti. Zilinunuliwa kwa korja, ishirini ishirini, na zilizopakwa rangi nyekundu na nyeusi kwenye kingo zilikuwa za kujionyesha.

Ukifika ndani utakutana na ukuta wa zidaka, vishubaka vilivyopangwa safu juu ya safu, vimetengenezwa kwa chokaa na kuchongwa. Humo ziliwekwa kaure za Uchina, vitabu, vyombo vya arusi. Bibi yangu alisema pia kwamba jicho la hasidi likiingia chumbani hupotelea kwenye mashimo hayo na vyombo hivyo kabla halijamfikia bibi arusi. Wanaakiolojia nao wameandika jambo linalokaribiana na hilo, basi safari hii bibi na chuo kikuu wamekubaliana.

Nyuma ya ndani iko nyumba ya kati. Chumba hiki ndicho watalii hukichungulia na kutoka, kwa kuwa hakina kitu cha kupiga picha. Kaa nacho. Humu mwanamke alijifungua, na humu maiti alioshwa. Mtu aliingia duniani na kutoka katika chumba kimoja, cha mbali kabisa na mlango wa njia.

Chooni, tafuta birika la maji. Chini yake huenda ukaona bakuli la kaure limejengewa kwenye sakafu ya birika. Waliweka samaki wadogo ili wale viluwiluwi vya mbu, na maji yakipungua samaki walibaki hai ndani ya bakuli. Wapwa zangu wote, wahandisi kwa madaktari, hukaa hapo muda mrefu kuliko kwenye zidaka.

Kisha shuka chini. Katika nyumba za ghorofa, chini palikuwa ghala na makazi ya watumwa. Hapa wenye kuongoza wageni hupita haraka, nami siwapitishi wangu haraka. Mashamba ya bara yaliyolipia nakshi hizi yalilimwa na watumwa. Mawe yalibebwa, matanuu yakawashwa, sakafu zikashindiliwa na mikono yao. Angalia dari ya chini: hakuna rangi. Angalia kuta: hakuna kidaka. Mwaka 1907 serikali ya kikoloni ilipofuta hadhi ya utumwa kisheria, mashamba yakadorora, na kwa kuwa reli ilikuwa imeshaipeleka biashara Mombasa, koo nyingi zikafunga milango na kuhama. Magofu mengi utakayoyaona Mkomani yana asili katika miaka hiyo.

Misikiti, Usita, ngome

Misikiti ni mingi, zaidi ya ishirini, na mingi haina minara, kwa hiyo utaipita bila kujua. Ishara yake ni upande wa kaskazini wa jengo: kwetu qibla ni kaskazini, na mihrabu huchomoza kidogo nje ya ukuta. Ukiona uvimbe huo wa duara kwenye njia, umesimama kando ya msikiti. Msikiti wa Pwani, karibu na ngome, unahesabiwa kuwa wa mwaka 1370. Mji wenyewe una masimulizi ya kale kuliko hapo: wazee hutaja makazi mawili yaliyotangulia, Weyuni kaskazini na Hidabu kusini, na Hidabu leo ni kilima cha mchanga. Mwaka 1441 tayari kadhi wa Lamu alikutwa Makka na mwandishi wa Kiarabu. Mji uliokuwa ukituma kadhi kuhiji wakati huo ulikuwa na shule, sheria na meli.

Teremka sasa Usita wa Mui, njia kuu. Inakwenda sambamba na bahari, na zamani ilikuwa karibu zaidi na maji. Maduka yake ni ya wakati wa wafanyabiashara wa Kihindi, Mabohora na wenzao: milango mipana ya mbao inayokunjuliwa, duka chini na familia juu. Linganisha na Mkomani ulikotoka. Kule nyumba imeipa njia kisogo. Hapa inamwita mpita njia anunue. Hatua mia moja, na tabia ya jengo imegeuka kabisa. Kwenye Usita huohuo kuna nyumba iliyokuwa posta ya Wajerumani kuanzia 1888 hadi 1891, enzi walipokuwa na himaya yao Witu, upande wa bara. Dakika kumi zinaitosha.

Ngome itakuchukua muda zaidi. Baada ya watu wa Lamu kuwashinda Mazrui wa Mombasa na washirika wao wa Pate katika vita vya Shela, waliogopa kisasi, wakamwomba Seyyid Said wa Oman awalinde. Ngome ikajengwa kati ya 1813 na 1821. Walishinda vita wakajitia chini ya mtu mwingine. Kila mwaka wanafunzi wangu walibishana kama ule ulikuwa ujanja au uoga, na sikuwahi kuwapa jibu. Panda juu ya kuta uangalie bahari: ilipojengwa, mawimbi yalikuwa chini yake, na leo kuna uwanja na majengo katikati. Baadaye ikawa jela ya wakoloni, ikaendelea kuwa jela ya Kenya huru mpaka 1984. Wapo wazee wa hapa wanaoikumbuka kwa sababu hiyo tu, basi usiwasimulie uzuri wake kabla hujawauliza.

Langoni jioni

Wengi humalizia ngomeni, na hivyo huondoka na nusu ya mji. Vuka uende kusini, Langoni. Njia zinapanuka, nyumba zinashuka kimo, matumbawe yanachanganyika na udongo, saruji na bati. Hapa walikaa waliokuja bila jiwe: Wangazija, Wahadrami maskini, watumwa walioachwa huru, na katika miaka ya 1960 Wabajuni waliokimbia vita vya Shifta bara, ambao mitaa yao imeendelea kupanda mchangani nyuma ya mji. Zamani kujenga kwa jiwe hakukuwa suala la pesa peke yake. Ilibidi uwe mtu wa kuruhusiwa.

Kwa hiyo simama mbele ya Msikiti wa Riyadha ukilijua hilo. Habib Swaleh, sharifu kutoka Ngazija, aliwafundisha dini hao waliokuwa wakikaa nje ya madaka ya Mkomani, na kuelekea mwaka 1900 Riyadha ikasimama upande wao wa mji. Si msikiti wa kale, wala nakshi zake haziwezi kushindana na za Mkomani. Lakini Mfungo Sita, Maulidi yakifika, watu humiminika kutoka pwani yote, zefe, maandamano ya kuimba, ikapita, na uzito wa mji mzima unahamia Langoni. Wajukuu wa waungwana huja huku, na wanakuja kwa miguu yao.

Jioni hiyo tafuta mzee wa kuzungumza naye. Usimwulize nyumba yake ina miaka mingapi. Atakwambia mia tatu kukufurahisha. Muulize nani alizaliwa humu, nani alitolewa humu jeneza, kabla ya mama yake ilikuwa ya nani, mlango ulitoka wapi, ukuta upi ulianguka na mvua ya mwaka gani. Andika majina ya akina mama kwanza. Chora ramani ndogo ya vyumba akikuona, akukosoe. Na kama ni bibi wa ukoo wako mwenyewe, rekodi sauti yake kwa simu, kwa ruhusa yake, halafu mwachie nakala anayeishi naye. Nimeona rekodi nyingi nzuri zikiishia kwenye simu zilizovunjika ughaibuni.

Ukibaki na siku nyingine, tembea kwa njia ya pwani mpaka Shela ukauone msikiti wa Ijumaa wa 1829 wenye mnara wa umbo la pia, kisha kodi mashua kwenda Takwa, kisiwani Manda, mji uliohamwa na wenyewe karne ya 17. Huko kuta hazina plasta wala watu, na boriti zimeshaoza. Utaona kwa macho kila nilichokwambia kuhusu upana wa vyumba. Ila mkono wa bahari unaofika huko kupitia mikokoni hupitika maji yakijaa tu. Muulize nahodha saa za maji kabla hamjapatana bei.